Maji Katika Nyumba ya Kilio

Mume wangu alifanya kazi ya reli, kwenye kikosi cha kutengeneza njia, na kitu alichokichukia kuliko vyote duniani ni maji yaliyosimama. Wanaume wengine wakitaka kumpendeza msichana humsifia macho. Yeye, mara ya kwanza tulipotembea pamoja, alinionyesha mfereji. Alisema umechimbwa vibaya, akaanza kueleza sababu, na tulipofika kwetu alikuwa bado anaeleza. Nilimkubali hivyohivyo.

Sasa wiki tatu baada ya kumzika, maji yaliingia ndani ya nyumba yake, na kosa lilikuwa letu sisi tuliobaki.

Nyumba yetu iko chini kidogo ya mteremko. Nyuma yake alikuwa amechimba mfereji wa kupitisha maji ya mvua pembeni, na kila Jumamosi aliusafisha. Alipokufa, watu wa kilio walikuwa wengi. Uwanja wa mbele ulijaa, ikabidi wengine wakae nyuma, na kiti hakikai juu ya mfereji. Wanaume wawili wakachukua majembe wakaufukia, wakasawazisha, wakakanyaga vizuri. Niliwaona kwa dirisha. Nilikuwa nimekaa kwenye mkeka, kichwa kimefungwa kitambaa, na mjane hasimami katikati ya kilio kwenda kuongea habari za mfereji. Lakini nisiseme uongo. Ningeweza kumnong'oneza mtu, na sikufanya hivyo. Nilifikiri kwamba mume wangu mwenyewe atakuja kuufukua. Siku ile nilikuwa bado nafikiri namna hiyo.

Watu waliporudi kwao, alibaki wifi yangu, dada mkubwa wa marehemu, aliyekuja kwa treni kutoka Luena. Mimi namwita yaya, ndivyo kwetu tunavyomwita dada mkubwa. Ni mwanamke mrefu mwenye sauti ya kusimamisha mabehewa, na alikuwa amebaki kwa kazi mbili: kuangalia nifuate desturi mpaka siku ya kumaliza kilio, halafu kunichukua niende kuishi kwake. Watoto wetu wako mbali, kila mmoja na kwake, na yaya hakuona vizuri mjane akae peke yake. Alikuwa amekwisha kuchagua chumba nitakacholala, na hata upande wa kuelekeza kitanda.

Mimi nilitaka kubaki hapa mjini Kamina, katika nyumba ile. Sikuwa nimemwambia. Yaya akianza kuongea hakuna upenyo wa kupitisha neno, na tena kila alilosema alilisema kwa wema, ambao ni mgumu kuukataa kuliko ubaya.

Desturi aliyoilinda zaidi ilikuwa ya ufagio. Kwao, mtu akifa, uchafu wa nyumba hautolewi nje mpaka kilio kiishe. Unafagia ndani, unausukuma kwenye kona, na unabaki hapo. Kuutoa mlangoni ni kumfukuza mwenye nyumba kabla hajaaga. Kona ya sebule yetu ilikuwa na kichuguu kizuri cha vumbi, majivu na maganda ya karanga, na yaya alikikagua kila asubuhi kama mkubwa wa stesheni anavyokagua saa ya ukutani.

Mvua ilianza saa nane mchana. Haikuwa kubwa kushinda nyingine, ila ilikuwa na subira. Kwanza niliona mstari mweusi unapita chini ya ukuta wa nyuma, nikadhani ni siafu. Halafu ule mstari ukapanuka. Muda si mrefu maji yalikuwa yamefika sebuleni, yakakichukua kichuguu cha yaya bila kuuliza mtu, yakakizungusha nyumba nzima, na maganda ya karanga yakaelea mpaka chumbani.

Nilichukua ufagio. Sikuwaza, mkono ulienda wenyewe.

"Unafanya nini na iyo fagio?" yaya akaniuliza.

"Maji iko mu nyumba, yaya."

"Minyi siko kipofu. Lakini ile vumbi yake iko ndani ya maji. Ukiisukuma ku mulango, basi umefukuza ndugu yangu."

"Sasa tufanye namna gani?"

Yaya alifikiri. Maji yalikuwa yamefunika vifundo vya miguu yake, na kandambili yake moja ilikuwa imeanza safari kuelekea jikoni.

"Kuchota haiko kufagia," akasema mwishowe. "Leta beseni."

"Na tutaimwaga wapi?"

"Nyuma, kwa dirisha. Hivyo hatutapita ku mulango."

Basi tukachota. Yeye alijaza mabeseni, mimi nilimwaga kwa dirisha la nyuma. Tulifanya kazi karibu saa nzima, migongo imeinama, na sijawahi kuona wanawake wawili wanaojitahidi kama vile. Maji hayakupungua. Yaya alisema ni kwa sababu ya wingi wa mvua. Nilitazama nje, na mvua ilikuwa imekwisha kukatika. Sikumwambia.

Ndipo akaja jirani yetu wa ng'ambo ya barabara. Ni mama wa Kiislamu, wa zile familia ambazo babu zao walitoka Maniema na biashara, na mlangoni kwake anauza sukari, chumvi na sabuni. Alikuwa amepandisha kitenge mpaka magotini. Alisimama nje pale nyuma akatazama dirisha, akatazama chini ya ukuta, akatazama tena dirisha. Hakuwa na haraka.

"Mama," akaniambia, "iyi maji munayotupa, munaijua?"

"Kuijua namna gani?"

"Minyi nimeanza kuijua. Kuko ganda moja ya karanga imepita hapa mbele yangu mara mbili."

Yaya akatoa kichwa dirishani. Tukazunguka wote nyuma kuangalia. Ilikuwa kweli. Maji tuliyomwaga yaliangukia pale mfereji ulipokuwa, hayakupata njia, yakageuka taratibu na kuingia tena chini ya ukuta. Saa nzima tulikuwa tunayatembeza tu.

Jirani aliweka kidole kwenye ukuta karibu na ardhi, na kidole kikazama. Hapo aliacha kutucheka. Upande wa mbele wa nyumba yetu ni tofali za kuchoma, lakini ukuta wa nyuma ni tofali mbichi, za udongo uliokaushwa na jua. Tofali mbichi ikinywa maji miguuni, ukuta wote unakaa chini kama mtu aliyechoka, na ukuta ule ndio uliobeba nusu ya mabati.

"Bon, basi," akasema yaya. "Ukuta ikianguka, hatungoje siku ya kumaliza kilio. Tunapanda treni, tunaenda Luena."

Hakulisema kwa ubaya. Nadhani hata alijaribu kulisema polepole.

Nikaona sasa nitoe langu. "Hapa kulikuwa mufereji," nikasema. "Baliufunga siku ya kilio, juu ya kupata nafasi ya viti. Minyi niliona."

Wote wawili wakanigeukia.

"Na juu ya nini haukusema?" yaya akauliza.

"Nilikuwa nalia."

"Muntu anaweza kulia na kusema pamoja," jirani akasema. "Minyi niko nafanya vile kila siku na bateja bangu."

Tulichukua majembe ya marehemu tukafukua. Udongo ulikuwa laini, na mahali pengine niliona alama za miguu ya viti, minne minne, bado zimeshikilia. Tulipofika mwisho wa uzio, maji ya nje yalianza kuondoka. Yakabaki ya ndani, na desturi ikabaki palepale.

Jirani akaonyesha pembe ya ukuta wa pembeni, ule wa tofali za kuchoma, upande ambako sakafu inalala chini kidogo. "Tung'oe tofali moja hapa. Maji itatoka yenyewe, itaingia mu mufereji."

"Na desturi?" yaya akasema.

"Hapa hakuna mulango. Hakuna fagio. Hakuna muntu anayesukuma. Na kama ndugu yako anataka kutoka na maji, nani atamukataza? Si alikuwa muntu wa mifereji?"

Yaya alicheka. Tangu mazishi sikuwa nimemsikia akicheka, na kicheko chake ni kama cha ndugu yake, kinaanzia puani. Halafu akakaa kwenye kiti kilicholowa, akalia. Jirani na mimi tulishika mtaimbo wa marehemu, tukaing'oa tofali polepole ili tusimsumbue. Maji yakatoka na maganda yake yote. Yaya aliyatazama yakipita miguuni pake mpaka yakaisha.

Kazi ya kukausha ndiyo ilikuwa ndefu. Mimi nilitaka kufunga milango na kuwasha mbabula tatu, yale majiko yetu ya makaa, ili nyumba iwe moto kama tanuri. Jirani alikataa. Aliwahi kupoteza magunia ya sukari kwa maji, na ni mtu anayejifunza mara moja. Alisema ukifunga, unapika maji tu, mvuke unapanda kwenye mabati unarudi chini. Fungua mbele na nyuma, upepo upite. Na moto usikaribie ukuta wa udongo, maana ngozi yake itakauka na kupasuka wakati tumbo bado limejaa maji.

Tukatoa kila kitu. Kitanda tulikiweka juu ya tofali. Godoro la sifongo tulilikalia wote watatu, tukasogea na kusogea, likatoa maji kama mbuzi anayekamuliwa, halafu tukalisimamisha juani. Sakafuni tulikwangua tope, tukatandaza mchanga mkavu na majivu, jioni tukavikusanya na kutandaza vingine. Vilivyolowa tuliviweka kwenye magunia, ndani ya nyumba, kwa sababu desturi ni desturi. Mpaka mwisho wa kilio tuliishi na magunia manne ya tope yaliyokaa sebuleni kama wageni wasiojua kuaga.

Nguo za marehemu ziliharibu kidogo heshima yetu. Haziguswi mpaka siku ya kuzigawa, na yaya alikuwa amezifungia kwenye sanduku. Lakini nguo iliyolowa inaoza, haingoji siku. Alizianika yeye mwenyewe kwenye kamba, amegeuza uso pembeni, na mtaa mzima ukaona suruali zote za marehemu, pamoja na ile niliyomshonea kiraka cha rangi nyingine akaivaa miaka mingi bila kuniambia kitu. Mzee mmoja waliyefanya naye kazi ya reli alipita, akasimama, akavua kofia mbele ya suruali. Yaya alimwitikia salamu kwa niaba ya ndugu yake.

Ukuta tuliuegemezea miti miwili kwa nje. Halafu yaya, ambaye ni mtoto wa mfanyakazi wa reli na dada wa mwingine, alifunga jiwe kwenye uzi akautundika kwenye msumari juu ya ukuta. Kati ya uzi na ukuta, kule chini, palikuwa na nafasi ya vidole viwili.

"Ikifika vitatu," akasema, "ukuta iko natembea. Minyi sitakuacha ulale chini ya ukuta inayotembea. Tunaenda."

Magoti ya yaya hayapendi kuinama, kwa hiyo kupima ikawa kazi yangu. Siku nne nilipima asubuhi nikamwambia viwili, na vilikuwa viwili.

Asubuhi ya tano vidole vitatu viliingia.

Nilipima tena. Yaya alikuwa bafuni, nikisikia maji yakimwagika na yeye akijisemesha. Ule msumari ulikuwa umelegea. Ningeusogeza kidogo tu, jiwe lingerudi mahali pake, na hakuna ambaye angejua. Nilikaa pale nikiutazama muda wa kutosha chai kuchemka. Sitasema kwamba sikujaribiwa. Niliushika. Halafu nikauachia, nikamngoja yaya atoke.

"Yaya, leo iko vitatu."

Alikuwa bado anajifunga kitambaa kichwani. "Vitatu?"

"Vitatu."

"Weye unataka kubaki hapa," akasema. Hakuuliza.

"Ndiyo."

"Tangu lini?"

"Tangu siku ya kwanza."

"Na juu ya nini haukuniambia?"

"Haukuniuliza, yaya."

Akamaliza kukaza kitambaa chake. "Muntu anataka kubaki, na anakuja kuniambia ukuta umetembea. Ndugu yangu aliniambia alioa mwanamuke wa akili. Alinidanganya."

Kisha akashika mti mmoja wa kuegemezea, akaanza kuteremka. Alipiga magoti kwa vituo, huku akilalamika kila kituo, mpaka akafika chini. Mikono ya yaya imelima mihogo na kubeba makaa maisha yote, na kidole chake kimoja ni karibu viwili vyangu. Akaingiza vidole vyake kati ya uzi na ukuta, taratibu, kama mtu anayepima joto la maji ya mtoto.

"Viwili," akasema.

"Yaya—"

"Vidole yako iko nyembamba, haujakula tangu mazishi. Iyo haiko vipimo. Nisaidie kusimama."

Nilimsaidia. Toka siku hiyo alipima yeye, akipiga magoti kila asubuhi kwa malalamiko yaleyale, na kila asubuhi vilikuwa viwili. Baada ya juma moja ukuta ulianza kupauka kutoka juu kwenda chini, na jirani alipougonga kwa ngumi ulijibu kwa sauti kavu. Kama ulitembea kweli, basi ulichoka ukasimama.

Yaya aliondoka baada ya kumaliza kilio. Kule stesheni aliwaeleza abiria waliomzunguka, kwa sauti yake ileile, kwamba mke wa ndugu yake ni kichwa kigumu, kwamba amemwandalia chumba kizuri na amekikataa, na kwamba sasa itabidi ampe mtu mwingine. Mama mmoja alinitazama kwa huruma akaniuliza kama ni kweli.

Nikamjibu kwamba ni kweli.