Jaji Dympna na Watu Kumi na Mmoja

Dympna Harrigan alizaliwa Butte, Montana, mtaa wa juu karibu na machimbo ya shaba, katika nyumba ambamo hakuna aliyewahi kumaliza sentensi. Baba yake alirudi kutoka mgodini, akanawa, akaketi mezani, na kabla hajamaliza neno moja kuhusu chama cha wafanyakazi watoto saba walikuwa wameshamrukia kwa pamoja. Dympna alikuwa wa sita. Ili asikike ilimbidi awe na hoja, tena fupi, na aitoe wakati wakubwa wake bado wanatafuna.

"Huyu ukimwambia jua limetoka, atakuuliza nani kaliona," mama yake, Rosella, aliwalalamikia majirani.

Alisoma sheria, akarudi Butte, akafungua ofisi juu ya duka la viatu vya wachimbaji. Akaolewa na Arvo Niskala, Mfini mpole aliyepiga kinanda katika kanisa la Kilutheri. Arvo alikuwa mtu wa maneno machache kiasi kwamba siku ya harusi, alipoulizwa kama anakubali, mchungaji alisubiri, akakohoa, akamuuliza tena. Dympna alitaka kumjibia.

Alipofika miaka arobaini na sita, rais alimteua kuwa jaji wa Mahakama ya Rufaa ya Shirikisho. Kwanza ilibidi ahojiwe na maseneta kule Washington. Seneta mmoja mzee aliuliza kwa upole, "Je, Bi Harrigan, unadhani utaelewana na majaji wenzako?" Rosella, aliyekuwa ameketi nyuma na kofia yake ya kanisani, aliangua kicheko. Kicheko hicho kiliandikwa kwenye kumbukumbu rasmi za kikao.

Kazi ilimkaa kama glavu mkononi. Mahakama ya rufaa haina mashahidi wala vilio. Kesi inafika ikiwa imeshaamuliwa huko chini, imegeuka makaratasi, na majaji watatu wanaketi kuangalia kama palikuwa na kosa la kisheria. Wawili wakikubaliana, imekwisha. Wa tatu asiporidhika, ana ruhusa ya kuandika kwa nini wenzake wamepotea. Dympna aliipenda ruhusa hiyo kuliko mshahara. Kwa miaka ishirini na miwili alipanda ndege kwenda San Francisco, akasikiliza mawakili, akarudi nyumbani, akaandika. Alipinga mara mia moja na arobaini na tatu. Jaji Ashcombe, mzee wa California aliyeketi naye mara nyingi, alisema, "Dympna akikubali hukumu yangu, naisoma upya nitafute nilipokosea."

Kisha, Februari moja, ikaja barua kutoka wilayani kwao. Raia Dympna Harrigan anaitwa kuketi katika baraza la raia kumi na wawili litakaloamua kesi ya jinai.

"Waandikie una kazi," alisema Arvo. Ilikuwa hotuba yake ya wiki.

"Nimewaambia watu miaka yote hii kwamba baraza la raia ni nguzo ya haki. Leo nikimbie?"

Mahakamani alidhani mawakili watamkataa, kama sheria inavyowaruhusu. Lakini wakili wa serikali aliwaza: jaji, atafuata sheria. Wakili wa mshtakiwa naye aliwaza: huyu hajawahi kukubaliana na mtu, hata serikali. Kila mmoja akatabasamu, na Dympna akapewa kiti namba saba.

Mshtakiwa alikuwa Lubo Vukasin, fundi bomba mstaafu mwenye masharubu ya kutosha watu wawili. Alidaiwa kuvunja banda la jirani yake, Garth Stubblefield, na kuiba mashine ya kurushia theluji. Lubo alisema Garth mwenyewe alimwazima mashine baada ya yeye kumtengenezea bomba zilizoganda, halafu wakagombana kuhusu mbwa. Garth alisema hajamwazima mtu kitu. Alileta stakabadhi ya kununulia, picha ya kufuli lililovunjika, na alieleza kwa utulivu: saa mbili asubuhi, yuko dirishani na kahawa, anamwona Lubo anaingia bandani, anavuta kamba ya kuwashia mara moja, mashine inanguruma, anaondoka nayo.

Dympna alijaza daftari zima. Alipoingia kwenye chumba cha baraza alikuwa ameshaamua.

Wenzake walikuwa wameshamchagua mwenyekiti: LaVonne Tregear, msusi, mwanamke mpana mwenye sauti ya kuita mtu ng'ambo ya barabara. LaVonne aligawa vikaratasi, akavikusanya, akasoma.

"Hana hatia, kumi na mmoja. Ana hatia, mmoja." Hakuuliza ni nani. Wote walimtazama namba saba, ambaye alikuwa ameshatoa kalamu.

Dympna alizungumza dakika arobaini. Alipanga hoja zake sehemu tatu, na sehemu ya pili ilikuwa na vifungu vidogo. Dereva wa gari la wilaya la kusafisha barabara alikula pasti yake ya nyama na viazi, kisha akala ya jirani yake.

"Umemaliza, Mheshimiwa?" aliuliza LaVonne.

"Nimemaliza. Naona hamkushawishika. Basi, ninyi toeni uamuzi wenu, nami nitaandika maoni yangu ya kupinga."

"Utamwandikia nani?"

Dympna aliweka kalamu mezani.

"Hapa, mama, hakuna kupinga halafu ukaenda zako kula. Ama wote kumi na wawili tuseme neno moja, ama tukae humu mpaka tuote mizizi. Mimi nina wateja watatu wenye dawa ya nywele kichwani. Nakutania. Wawili."

"Lakini shahidi alimwona kwa macho yake!"

"Alimwona anafanya nini?"

Dympna alifunua daftari. "Anavuta kamba mara moja, mashine inanguruma."

Chumba kizima kilicheka. Dereva alipaliwa na pasti ikabidi apigwe mgongoni.

"Siku hiyo baridi ilikuwa nyuzi thelathini na nane chini ya sifuri," alisema akifuta macho. "Nilikuwa barabarani. Banda la Garth halina joto, kasema mwenyewe. Na ile mashine ina umri wa binti yangu. Iwake kwa mvuto mmoja kwenye baridi ile? Hata ukiiombea."

"Hilo halikubishaniwa na wakili yeyote," alisema Dympna.

"Wakili wa serikali katoka Florida, kusiko na theluji," alisema LaVonne. "Na yule wa Lubo anakaa kwenye fleti. Wewe umewahi kuwasha moja?"

"Sijawahi."

"Nani anasafisha theluji kwenu?"

"Mume wangu."

"Akivuta ile kamba, anasemaje?"

Dympna alimwona akilini Arvo wake, mpiga kinanda wa kanisa, mtu asiyeinua sauti hata kwa paka, amesimama uani asubuhi za Januari akivuta, akivuta, akivuta. Na akakumbuka maneno yaliyokuwa yakipenya dirishani, Kifini kwanza, kisha Kiingereza, maneno ambayo hakuwahi kuyakuta hata kwenye mafaili ya wauaji. Alikuwa akifunga dirisha ili aweze kusoma.

"Anavuta mara nyingi," alisema taratibu. "Mara nyingi sana."

"Basi Garth hakuona alichosema ameona," alisema LaVonne, safari hii kwa upole. "Kama kadanganya hapo, hilo kufuli kalivunja nani?"

Dympna alikodolea macho maandishi yake. Yote yalikuwa sahihi, nukta kwa nukta, na hayakumsaidia kitu. Uso ulimwaka moto kama wa msichana aliyekamatwa akinakili mtihani. Kwa mara ya kwanza katika maisha yake alisema, mbele ya watu, "Nimekosea."

"Sema tena, huyu alikuwa anatafuna," alisema LaVonne, akimwonyesha dereva.

Lubo aliachiwa huru saa tisa alasiri. Alilia mpaka masharubu yakalowa, akawapa mkono wote kumi na wawili, namba saba mara mbili kwa sababu alihesabu vibaya. Garth alitoka kwa mlango wa pembeni, na kabla ya majira ya kuchipua alikuwa ameshahamia kwa dada yake Idaho.

Nje, kwenye maegesho, LaVonne alimkagua jaji kuanzia utosini. "Nywele zako anakukata nani?"

"Arvo."

"Nilijua kuna uhalifu mahali. Njoo Jumamosi."

Akaenda, na Jumamosi iliyofuata pia. Kule San Francisco mawakili walianza kushangaa. Jaji Harrigan, ambaye zamani aliwauliza vifungu, sasa aliwauliza ngazi iliyotajwa ilikuwa na vidato vingapi, na je, mtu mwenye magoti mabovu angeweza kuipanda akibeba televisheni. Wengi hawakujua. Aliwaambia waende wakaulize.

Alipostaafu akiwa na miaka sabini na minne, alikuwa akienda saluni na mafaili ya kesi zilizokwisha zamani, zile ambazo kila mtu anaruhusiwa kuzisoma. Aliwasimulia wanawake waliokuwa wameketi wakisubiri rangi ishike, nao wakapiga kura kwa mikono yenye rangi ya kucha ambayo haijakauka. Alibishana nao, akapandisha sauti, akakatizwa katikati ya kila sentensi, na hakuna aliyemwita Mheshimiwa ila kwa kumchokoza. Jumamosi moja walimshinda sita kwa mmoja katika kesi ya mwaka 1998 ya ng'ombe waliokula bustani ya kituo cha posta. Alirudi nyumbani amenuna, akamsimulia Arvo kisa chote tangu mwanzo, na Arvo, baada ya kufikiri muda mrefu, alisema kwamba wale wanawake walikuwa na hoja.