Novella Alivyomwimbia Baba Yake

Mzee Ambrose Gaines alitengeneza boila za treni miaka ishirini, na kelele za nyundo zikamla masikio yote mawili. Binti yake Novella alipoanza kuimba, mzee hakusikia hata king'ora cha zimamoto kikipita chini ya dirisha. Nyumbani walizungumza kwa midomo: Novella anamkabili, anatamka polepole, mzee anasoma.

Mimi nilikaa nao nyumba moja hapa Chicago, upande wa kusini. Wakati wa Vita vya Pili vya Dunia Novella alikuwa mwimbaji wa bendi ya watu kumi na wanne. Mzee alienda dansini mara moja tu. Jukwaa lilikuwa mbali, na maikrofoni ilimziba binti yake mdomo. Alirudi amenyong'onyea.

Kisha bendi ikaitwa New York kupigwa filamu ya wimbo mmoja, mojawapo ya zile za dakika tatu zilizoonyeshwa kwenye mashine za baa. Wimbo ulirekodiwa jana yake. Siku ya picha sauti ilitoka kwenye spika, kazi ya Novella ikawa kuufuatisha kwa midomo.

"Dada, usitoe sauti," mpiga picha akamwambia. "Chezesha mdomo tu, kamera iko hapa usoni."

Filamu sita za bendi mbalimbali zilipigwa siku hiyo. Hakuna aliyepata muda wa kurudia.

Filamu ya Novella ilipofika baa ya Delphine pale kona, mimi na Novella tulimpeleka mzee Jumamosi mchana. Mashine ilikuwa na filamu nane kwa mfuatano, kila sarafu filamu moja, huwezi kuchagua. Mzee akatia sarafu, akawavumilia wacheza dansi, wapiga kinanda, hata wachunga ng'ombe wenye magitaa.

"We Ambrose, husikii kitu, unajisumbua nini?" Delphine akamtania.

"Nimekuja kuona, sikuja kusikia. Hebu sogea, unanizibia!"

Uso wa Novella ukatokea, umejaa kioo kizima. Ulikuwa wimbo wa msichana anayemngoja mwanajeshi wake. Midomo ya mzee ikawa inacheza pamoja na ya binti yake. Mara ikasimama.

"Pale mwisho," akasema kwa sauti kubwa, baa nzima ikageuka, "umesema 'baba'."

"Kasema 'mpenzi', mzee," Delphine akacheka. "Sote tumesikia."

"Nyie mmesikia. Mimi nimeona."

Novella akamshika mkono, akamgeukia. "Ni kweli, Baba. Nilijua wewe tu ndiye utakayeona."

Mzee akatoa leso, akajifuta uso mara mbili. "Haya, tia nyingine. Tuanze tena na wale wachunga ng'ombe."

Filamu zilibadilishwa kila wiki, kwa hiyo ile ilikaa siku saba tu. Mzee alienda kila siku. Siku ya tatu Delphine aliacha kumtania, akawa anamwekea kiti mbele kabisa, na mtu akimzibia mzee anamfokea.