Nilitembezwa mahali vurugu za Tunduma zilipotokea, nikakutana na mwanamke aliyepiga kelele

Mlio wa panga kwenye jiwe. Kwaruu, kwaruu, kimya kidogo, halafu tena kwaruu.

Wakuu, huo ndio mlio niliousikia kabla sijaona kitu. Nilikuwa nimefumba macho kwa sababu tuliambiwa tufumbe, nimesimama pembeni ya soko la Tunduma saa za asubuhi, jua linaniwasha kisogoni, na mwili mzima unaniambia nikimbie.

Nawasalimu wote, wanaochangia na wanaosoma kimya kimya kama mimi. Huwa sianzishi nyuzi. Hili la leo limenikaa kifuani tangu nirudi, na nitalisema lilivyokuwa. Nimebadilisha majina tu, maana wahusika wapo hai na bado wanapita njia zilezile.

Mimi ni mtu wa Mbozi, kwetu ni kahawa na mahindi. Naandika riwaya, au niseme najaribu. Rafiki yangu Baraka wa Vwawa ndiye aliyenipa habari kwamba kuna dada Tunduma anatembeza watu kwa miguu na kuwasimulia historia ya vurugu za mji ule. Siyo mambo ya vita vya machifu. Vurugu za enzi zetu hizi, ambazo waliozifanya bado tunanunua nao nyanya.

Nikasema hiyo ndiyo riwaya yangu. Nikaenda nikiwa na njaa ya stori. Mtanisamehe, waandishi ndivyo tulivyo, tunanusa msiba kama inzi.

Tulikuwa watalii watatu tu. Mimi, Baraka, na mama mmoja wa makamo mwenye kitenge cha kijani na mfuko wa shangazi kaja mkononi. Akasema anaitwa Bana Mulenga, yaani mama yake Mulenga, ametoka ng'ambo, Nakonde. Kiswahili anakijua vizuri, ila kinaimba kidogo Kibemba.

Mwongozaji anaitwa Yunisi. Dada mrefu, Mnamwanga, sauti ya upole, mwavuli mweusi aliokuwa akiunyoosha kuonyesha vitu. Kanuni yake ya kwanza ndiyo hiyo ya kufumba macho. "Wengi mnakuja kuona," alisema. "Siku ile watu hawakuona kitu, vumbi lilikuwa jingi. Walisikia tu. Na nyie sikilizeni kwanza."

Basi nikasikia lile panga. Nikasikia injini za malori yaliyo kwenye foleni ya mpaka, moja baada ya jingine, na kuku analalamika kwenye tenga.

Halafu nikasikia sauti ya kike ikisema, "Ikata."

Na ya kiume ikajibu, "Nikate nini tena, mama? Miwa yote nimeshakukatia."

Watu wakacheka. Nikafumbua macho. Mwenye panga alikuwa muuza miwa, kijana mwenye kofia ya kijeshi, na mteja wake alikuwa mama wa Kizambia anayempa mfuko amshikie. *Ikata* kwa Kibemba ni shika. Kijana analijua hilo vizuri, ni utani wake wa kila siku.

"Ukiniambia ikata mimi nakata," akaongeza, panga juu. "Siku moja nitakukata mfuko."

"Iwe wewe, kata uone," yule mama akamjibu. "Utanishonea na mkono wako huo."

Baraka alicheka hadi akainama. Mimi nilicheka. Yunisi alitabasamu kidogo, kama mtu aliyekwisha kuusikia mara nyingi.

Bana Mulenga hakucheka. Niliona, ila sikulitilia maanani. Nilidhani ni jua.

Tukaanza kutembea. Waliofika Tunduma wanajua, pale Tanzania na Zambia zimegusana kama vyumba viwili vya nyumba moja ya kupanga. Yunisi alituonyesha uchochoro ambao siku za vurugu jirani hawakuvuka kuombana chumvi. Alituonyesha ukuta uliopakwa rangi mpya chini na kuachwa mweusi juu, kwa sababu ngazi ya fundi haikufika. Moshi wa siku ile bado upo pale juu. Unapita chini yake na mkate wako kwapani na hujui.

Hapo ndipo nilipoanza kuacha kujisikia mtalii.

Kisha tukafika uwanja ambao malori ya mahindi hupakia. Yunisi alifunga mwavuli akausimamisha ardhini.

"Hapa," alisema. "Ugomvi ulianza kwa kitu kidogo, nani apakie kwanza, vijana wa upande wetu au wapakizi wa upande wa pili. Wakatukanana. Wakarushiana mawe. Wetu wakachomoa mapanga ya kukatia kamba.

"Kulikuwa na mpakizi mmoja anaitwa Lazaro. Mtu wa hapa hapa. Alipanda juu ya mzigo, kwenye lori la Wazambia, ili wote wamwone. Akanyoosha mikono, anaomba watulie. Jiwe likampiga. Huku chini alikuwepo mwanamke wa ng'ambo anauza vitumbua. Huyo mwanamke akapiga kelele, 'Mkateni, mkateni.' Lazaro akaanguka katikati ya watu, na watu wakamkata. Walidhani ni Mzambia, kwa sababu ya lori."

Akaangalia pale chini.

"Lazaro ni baba yangu," akasema. "Yule mwanamke alikimbia hakuonekana tena. Huwa nasimulia ili watu wajue ulimi unaua."

Baraka alivua kofia. Hilo lingetosha kuwa stori yangu, ningerudi nyumbani nikaandika, nikasifiwa.

Bana Mulenga akasema, "Mwanangu, neno si hilo."

Yunisi akageuka.

"Sikusema mkateni." Alikumbatia mfuko wake. "Nilisema *mwikateni*. Mshikeni. Jiwe lilimpiga hapa," akagusa juu ya sikio, "nikaona anayumba, anakuja chini kichwa mbele. Nikasema mwikateni, mshikeni, anaanguka. Lugha yangu ndiyo ilitoka. Mtu akishtuka anapiga kelele kwa lugha ya mama yake."

Kule sokoni yule kijana wa miwa alikuwa ameanza tena. Kwaruu, kwaruu.

Nilijaribu kuyatamka kimoyomoyo maneno yale mawili. Mwikateni. Mkateni. Katikati yake kuna kijisauti kimoja chembamba, kiondoe na vumbi, kiondoe na kelele za watu, mtu anakufa.

Baraka alinishika kiwiko, akanong'ona, "Kaka, twende zetu. Haya siyo ya kwetu."

Yunisi alikuwa amemkazia macho yule mama. "Kwa nini umekuja leo?"

"Nilisikia unatembeza watu, na mimi nimo ndani ya stori. Nikataka kusikia ninavyosemwa. Nilitaka nisikie tu nirudi. Mdomo umekataa."

"Miaka yote hiyo ungekuja ukasema."

"Ningemwambia nani, mwanangu? Walikuwa wananitafuta na mapanga yaleyale."

Hapa niwape kitu ambacho bado kinanisumbua. Mji mzima unamkumbuka mwanamke wa vitumbua. Yunisi mwenyewe, kwenye maelezo yake yote, hakutaja hata kijana mmoja aliyeshika panga. Walikuwa wetu. Wapo. Huenda tulipishana nao asubuhi ile tukasalimiana. Lakini mwenye kosa alikuwa sauti, na sauti ilitoka ng'ambo, na hapo kila mtu akapata usingizi.

Na msiniambie watu hawakulijua lile neno. Tunduma kila mtu analijua, si mmeona utani wa miwa? Kila siku wanapeana mifuko, ikata, ikata. Siku ile masikio yalichagua.

Yunisi akainua mwavuli. "Mama yangu yupo nyumbani," alisema. "Haya ukamwambie yeye."

Alivyolisema sikujua kama ni mwaliko au ni hukumu. Bana Mulenga naye nadhani hakujua. Ila alifuata. Na sisi tukafuata.

Matembezi yale huishia kwa Mama Yunisi kila mara. Ni nyumba ya bati nyuma ya soko. Wageni wanapewa chai, mama anawapa pole ya jua, na haongelei chochote. Tulimkuta anachambua maharage kwenye ungo.

"Karibuni wageni. Leo limewaka."

Bana Mulenga hakukaa. Alipiga magoti pale pale mlangoni, akaweka mfuko chini, akapiga makofi yale ya viganja vilivyokunjwa, taratibu, jinsi wanawake wa huku wanavyotoa heshima. Mama Yunisi akaacha ungo. Mgeni wa kawaida hapigi makofi ya namna ile.

Yunisi hakumsaidia. Alisimama ukutani.

Bana Mulenga akasema yote. Jiwe, lori, neno. Alipomaliza, Mama Yunisi alimtazama usoni.

"Wewe ndiye wa vitumbua?"

"Ndiye mimi, dada."

"Nilikuwa nanunua kwako. Lazaro alipenda vya mchele."

"Vya mchele, vilivyoungua pembeni kidogo. Alikuwa anasema vingine niwape watoto."

Mama Yunisi akainamisha kichwa. Niliona mabega yakicheza, nikadhani analia. Alikuwa anacheka, kicheko kidogo sana. "Ndivyo alivyokuwa," akasema. "Mchoyo wa vitumbua."

Nikashusha pumzi. Nikajiambia, imekwisha, imekwisha vizuri.

Wakuu, naomba nisimame hapa niseme nilichojifunza, kwa sababu kinachofuata nikishakiandika sitaweza kuongeza neno.

Nilikwenda Tunduma nikiamini kazi ya mwandishi ni kutafuta ukweli, na kwamba ukweli ukishapatikana watu watapona. Nimerudi sina uhakika na hilo la pili. Nimejifunza pia kwamba kwenye stori ya mji wako, yule mgeni anayebebeshwa kosa, muulize alisema nini. Muulize mapema, kabla hamjazeeka wote.

Kama kuna mtu humu alikuwepo kwenye vurugu za namna hiyo, mpakani huko au kwingine, aliyesikia jambo na baadaye akagundua halikuwa hilo, naomba aandike hapa chini. Hata kwa mstari mmoja. Na wanaojua Kibemba wanisahihishe kama nimelikosea neno, nitashukuru.

Haya.

Mama Yunisi alisema, "Liseme kama ulivyolisema siku ile."

"Nimeshasema, dada."

"Umesema kwa sauti ya kanisani. Liseme kama siku ile."

"Dada, usinifanyie hivyo."

"Mimi sikuwepo," Mama Yunisi akasema. "Niliambiwa tu. Nataka nilisikie mwenyewe."

Bana Mulenga akainuka. Alifumba macho. Nadhani aliliona lori, maana uso wake ulibadilika ukawa wa mwanamke kijana, na kabla sijajiandaa alipiga kelele ambayo sijapata kuisikia ndani ya chumba. Kuku wa uani waliruka. Jirani akaita, "Kuna nini huko?"

Mama Yunisi alikuwa ameshika ungo kwa mikono yote miwili.

"Tena," alisema.

Akapiga tena. Safari hii sauti ilimkatikia mwishoni.

Nilimwangalia Yunisi. Yunisi alikuwa ananiangalia mimi. Nafikiri kila mmoja alitaka kujua mwenzake amesikia nini, na kila mmoja akaona.

"Nakuamini," Mama Yunisi akasema polepole. "Mtu hawezi kutunga uso kama huo. Nakuamini kabisa." Akaweka ungo chini. "Lakini nimesikia mkateni."

Hakuna aliyebisha. Hata mimi, wakuu, niliyefafanuliwa neno lile, ninayejiona nina sikio la lugha, niliyekuwa hatua chache tu kutoka kinywani mwake bila vumbi wala mawe. Nilisikia mkateni, mara zote mbili.

Bana Mulenga aliitikia kwa kichwa. Alijifunga kitenge vizuri, akatuaga kwa kuinama, akaelekea mlangoni. Huku kwetu mgeni husindikizwa mpaka njiani, na nilimwona Mama Yunisi akinyanyuka kwa mazoea, akimfuata. Pale mlangoni akauona ule mfuko, umesahauliwa chini.

Akauokota. Akamnyooshea.

"Ikata," alimwambia, chini chini, kwa matamshi ya huko ng'ambo kabisa.

Bana Mulenga akaushika. Akatoka. Mama Yunisi hakumsindikiza, alisimama kizingitini kidogo, halafu akaufunga mlango nyuma ya mgeni.