Kanga Iliyomwambia Mheshimiwa Apishe

Mimi ndiye mwanariadha niliyefungiwa kwa kosa la kufunikwa kanga.

Si dawa za kuongeza nguvu, si kukata kona. Kanga, tena ya shangazi yangu.

Naitwa Hajra, mzaliwa wa Bagamoyo. Mwezi wa tatu nilishinda mbio za kilomita ishirini na moja hapahapa mjini, na mshindi alikuwa anakwenda kambi ya timu ya taifa. Nina miaka ishirini na nane. Nafasi ile niliisubiri tangu niko sekondari.

Kila nikimaliza mbio, shangazi Biubwa hunikimbilia na kanga anisitiri. Wazee wa mtaani hawapendi kuniona na suruali ya kubana, na yeye hataki nisemwe. Siku hiyo akanitupia mabegani, nikageuka kumpa mkono mbunge wetu aliyekuwa anagawa medali.

Mpiga picha alikuwa nyuma yangu.

Jioni picha iko kwenye kila simu. Mheshimiwa meno yote nje, na chini ya kidevu chake, mgongoni mwangu, jina la kanga linasomeka vizuri: UMECHOKA, PISHA WENZIO.

Na wiki hiyohiyo alikuwa ametangaza kugombea muhula wa tatu.

Wapinzani wakaniita jasiri. Chawa wa mheshimiwa wakaandika kwamba nimetumwa, wakataja mpaka hoteli tulikofanyia kikao. Hoteli yenyewe hata siijui.

Kamati ya mbio ikanisimamisha, eti nachanganya michezo na siasa. Mwenyekiti, mzee Haidar, akanipa nafasi moja tu: nimlete aliyenifunika, aeleze yale maneno yalimlenga nani.

Nikashusha pumzi. Shangazi ni bi mdogo, na kanga ile aliinunua makusudi kumpiga kijembe bi mkubwa, Bi Tatu. Mtaa mzima unajua.

Asiyejua ni mume wao, Msabaha. Huyu alishakula kiapo kwamba siku akisikia vijembe vya kanga kati ya wake zake, mwenye kanga anarudi kwao na talaka yake.

Basi siku ya kikao naye akajileta. Akasema hawezi kumwacha mkewe ahojiwe peke yake.

"Shikamoo, mwenyekiti," shangazi alisema.

"Marahaba, Bi Biubwa. Maneno haya ulimkusudia nani?"

Shangazi akanitazama mimi. Kisha akamtazama mumewe, aliyekunja mikono kifuani anasubiri jibu.

"Nilimkusudia mheshimiwa," akasema. "Amechoka. Apishe."

Mzee Haidar akafunga faili. Nikala mwaka mzima wa kifungo, na kambini akaenda mshindi wa pili.

Nililia njia nzima, na sioni haya kusema. Shangazi akanishika mkono, akaninong'oneza: "Mwanangu, wewe utakimbia tena. Mimi nikiachika, nakimbilia wapi?"

Hasira nilikuwa nazo, za kutosha.

Sasa sikia kichekesho. Wapinzani walimfuata shangazi nyumbani, wakamwomba agombee udiwani, akakubali. Mpiga debe wake mkuu ni Msabaha. Bi Tatu ndiye anayewapikia wageni wa kampeni.

Juzi mgombea kanipigia simu, anataka niongoze mbio za kuzindua kampeni yake. Nikamwambia samahani, shangazi, nimefungiwa.

Funzo langu ni moja. Kabla hujamwita mtu awe shahidi wako, jua kwanza anamwogopa nani.