Beji ya Papa na Mkono Wangu Uliovunjika

Sabuni ile ya waridi, inayokwaruza viganja kama mchanga, bado inauzwa. Wiki iliyopita fundi bomba alikuja kwangu hapa Anderlecht, Brussels, na alipomaliza kazi akatoa kopo lake kwenye begi, akanawa. Harufu ikanikuta nimesimama na sahani mkononi. Nikavuta kiti, nikakaa. Ukiwa na watoto wawili na kazi ya zamu, unajifunza kukaa kila unapopata sababu, lakini siku ile sikukaa kwa uchovu wa kawaida. Hivyo ndivyo papa yangu alivyonukia kila jioni akirudi kazini.

Ilikuwa mwanzoni mwa miaka ya elfu mbili. Papa alikuwa mmoja wa watu wanaobomoa kituo cha zamani cha umeme wa nyuklia, mbali na Brussels, mahali ambapo gari la wafanyakazi lilimpeleka alfajiri na kumrudisha jioni. Usifikirie nyundo na vumbi. Mimi nilifikiria hivyo, na kila jioni nilimngoja aseme kimeanguka. Hakikuanguka. Kilikuwa kimezimwa kabla sijazaliwa, na walikuwa wakikimaliza polepole kama mtu anayekula samaki mwenye miiba mingi. Mabomba yalikatwa chini ya maji. Zege la kuta liliparuliwa ngozi yake ya juu, likapimwa, likaparuliwa tena mpaka mashine ya kupima mionzi inyamaze. Kila kilichotoka kilitiwa kwenye pipa, na kila pipa lilikuwa na karatasi yake.

“Tunapigana na kintu hatuone,” papa alisema akivua viatu. “Inachokesha, mutoto. Adui ya kuona ni mwepesi.”

Familia yetu ilijuana na adui huyo zamani. Babu, baba yake papa, alichimba urani Katanga, karibu na Likasi. Alipoanza kukohoa aliambiwa si kitu, na akaendelea kuambiwa si kitu mpaka tulipomzika. Mpaka leo hatujui kama ni lile jiwe au ni tumbaku yake, maana babu alivuta kama tanuri. Lakini papa alikwisha kuamua. Kila alipousikia msemo huo wa “si kitu”, mashavu yake yaligeuka mawe.

Kazini walimpa beji ndogo ya plastiki ya kubandika kifuani, chini ya nguo nyeupe. Kila mwezi ilipelekwa kusomwa, ili ijulikane mwili wake umepata mionzi kiasi gani. Hayo nayajua sasa. Nikiwa na miaka tisa nilijua jambo moja tu la pini kifuani: maman alitubandikia sisi watoto medali ya Bikira Maria kwenye fulana za ndani, na bila medali hatukuvuka mlango. Kwa hiyo beji ya papa haikunipa taabu yoyote ya kuielewa. Wazungu nao walikuwa na medali yao, nikaona ni jambo la busara.

Beji haikuruhusiwa kutoka kazini. Ilitundikwa ukutani pale mlangoni kila jioni. Ijumaa moja dereva alipiga honi sana, papa akavaa mbiombio, akaja nayo nyumbani. Maman, ambaye alikuwa na mimba kubwa na maneno makubwa zaidi, alimcheka, akimwita kwa jina langu kama kawaida. “Papa Odile, kesho utatuletea kituo kizima!” Papa akalitundika shati kwenye mlango wa bafu, na beji juu yake, akasema Jumatatu atairudisha kimyakimya.

Jumamosi nilipanda reli ya ngazi za jengo letu ili niteleze, na nikateleza kweli. Mkono wa kushoto ulilia kama kijiti kinachovunjika. Maman alinivisha koti akilia na kunigombeza kwa pumzi moja, na nilipokwenda kunawa uso nikaona ile beji mlangoni. Nilikuwa nimesikia kwamba hospitali wanapiga picha ya mifupa kwa mionzi. Medali ya Bikira nilikuwa nayo, ila hii ilionekana imetengenezwa kwa shida hiyohiyo. Nikaichomoa, nikaitia mfukoni.

Kule hospitali maman aliambiwa abaki nje kwa ajili ya mimba. Fundi wa picha alikuwa kijana mwenye macho ya mtu ambaye hajalala, na kifuani alikuwa na beji yake. Nikafurahi sana, nikajua sijakosea. Alinilaza mkono mezani, akaenda nyuma ya kioo, nami nikaisukuma beji ya papa chini ya mkono unaouma. Picha ya kwanza ilipotoka akaguna. “Kuna kitu hapo, ma petite. Ondoa mchezo wako.” Nikaificha kwenye ngumi ya mkono mzima, akapiga nyingine mbili, wala hakuuliza zaidi. Jioni beji ilikuwa tena juu ya shati la papa kama vile haijawahi kutoka.

Wiki kadhaa baadaye papa alirudi mapema, akakaa na koti lake mwilini. Karatasi ya mwezi ya beji yake ilikuwa imekuja. Miezi yake yote ilikuwa karibu na sifuri, ila huo. Waliuliza amepita wapi, amegusa nini, kama aliiacha beji mahali pasipo pake. Akasema hapana, kwa kuogopa kufukuzwa. Na hata hivyo, bafu letu lingemfanya nini?

“Banasema haiko kitu,” alimwambia maman. “Kiloko, kidogo tu. Banasema nisiogope.”

Maman akakaa kando yake. Wote wawili walikuwa wakimwaza babu.

Nilikuwa nyuma ya mlango, na plasta mkononi. Nilielewa nusu, nusu iliyotosha. Ningeweza kusema. Nikaiona fimbo, nikamwona papa akipelekwa polisi, nikaona na mimi nikipelekwa. Nikarudi kitandani.

Walimtoa kwenye kuparua zege wakampeleka kufua nguo za kazi. Daktari alimweleza mara tatu kwamba mionzi ile haikai mwilini, hairuki kutoka kwa mtu kwenda kwa mwingine. Aliyeumwa na nyoka akiona ung'ongo hushtuka. Papa akajitengea sahani na kikombe. Fidèle, mdogo wangu, alipozaliwa, papa alisimama mlangoni mwa wodi akamtazama kwa mbali kama mtu anayetazama dirisha la duka kwenye barabara ya Chaussée d'Ixelles, akijua haingii. Maman alimpelekea mtoto. Akarudi nyuma hatua mbili.

“Apana. Si mimi. Umubebe wee.”

Hakumbeba. Fidèle alikaa, akatambaa, akasimama kwa kushika kiti, na papa akimwimbia kutoka upande wa pili wa meza. Alikuwa na sauti nzuri, na ilinichoma. Kila jioni nilijiambia kesho nitasema. Kesho ilizaa kesho, mpaka ikawa miaka, na siri ikazoea nyumba kama kabati ambalo hakuna aliye na nguvu za kulihamisha.

Nilisema nikiwa na miaka ishirini na mmoja, katika mafunzo ya uuguzi. Mwalimu alituonyesha beji, akatueleza inafanya nini. Hailindi kitu, inapima tu, na siku ile ilikuwa imepima picha za mkono wangu. Nikatoka darasani kabla ya kipindi kwisha, nikapanda metro mpaka nyumbani. Papa alikuwa amestaafu. Alikuwa akimenya viazi, na Fidèle yuko mezani anaandika kazi ya shule, miguu yake mirefu imejaza jikoni yote. Nikasimulia yote nimesimama, toka reli ya ngazi mpaka shati.

Papa aliweka kisu chini.

“Donc nilikuwa muzima?”

“Ulikuwa mzima, papa.”

“Siku zote?”

“Siku zote.”

Akamgeukia Fidèle, akampima kwa macho kuanzia viatu mpaka nywele.

“Na huyu sasa,” akasema, “nani atamubeba?”

Fidèle akacheka, hakujua anacheka nini. Papa akacheka naye, huku akijifuta macho kwa mkono wenye maji ya viazi, kisha akaendelea kumenya. Hakunigombeza siku ile, wala baadaye.

Nimelifikiria hilo sana kuliko yote. Nilimnyima mwanawe kwa sababu niliogopa fimbo, na papa hakuwahi kunichapa hata siku moja.