Ukurasa wa Kumi na Sita

Siku yangu ya kwanza kazini nilichonga herufi R. Ilikuwa miaka ya mwanzo ya sitini, nami nilikuwa kijana kutoka upande wa ziwani, jina langu Otieno. Nilijua kuchora, lakini sikujua lolote kuhusu uchapaji. Kiwanda cha chapa kilikuwa Kisii mjini, nyuma ya maduka, chumba kirefu cha mabati chenye mashine mbili. Meneja alinipa kipande cha lino, yaani zulia gumu la sakafuni lililogundishwa juu ya ubao, pamoja na kisu kidogo chenye ncha iliyopinda. Nikachonga R nzuri kabisa. Akaipaka wino kwa rola, akakandamiza karatasi juu yake, akaibandua. R yangu ilitoka imegeuka, mguu wake ukielekea kushoto.

"Kijana," Meneja akasema, "chochote unachochonga hugeuka kikichapwa. Ukitaka punda aende kulia, mchonge akienda kushoto. Usipozoea hilo mwezi huu, urudi kwenu ukavue samaki."

Hilo nililizoea upesi. Nilichoshindwa kuzoea ni chai ya saa nne. Wenzangu wote walikuwa Wagusii, nao walikusanyika kwenye mlango wa nyuma na vikombe vyao, mazungumzo yakichemka kwa Kigusii. Nilipotokea, mmoja alinipisha na kusema, "Karibu, jirani." Wakaendelea kwa Kiswahili sentensi mbili tatu, wakijibana kama watu waliovaa viatu vya Jumapili, kisha kimya. Hakuna aliyenitendea ubaya. Lakini baada ya miezi michache nilianza kunywea chai mezani pangu, nikisingizia kwamba wino utakauka. Kanisani niliimba tuni nilizozijua kwa maneno ya kwetu, kwa sauti ya chini, ili nisimkoseshe aliyekaa karibu nami.

Kazi yangu kubwa ikawa vitabu vya picha vya madarasa ya chini. Miswada yake iliandikwa na Mwalimu Kerubo, aliyefundisha watoto wadogo katika shule moja upande wa Nyamira. Gari letu la kusambaza madaftari ndilo lililoleta bahasha zake na kumrudishia prufu, yaani karatasi za majaribio ambazo mwandishi huzisahihisha kabla ya kitabu kuchapwa. Hadithi zake zote zilikuwa za punda na konokono walioishi kwenye ua mmoja. Punda alikuwa na haraka ya dunia nzima, na konokono hakuwa na haraka ya chochote, lakini hakuna aliyekula kabla ya mwenzake kufika.

Kwenye ukingo wa muswada wa kwanza aliandika, "Ndugu mchoraji, punda asifanywe wa kuchekwa. Si mjinga, ana haraka tu." Nikamjibu kwenye prufu, "Mwalimu, konokono akiinua macho kumtazama punda ataanguka chali." Prufu ikarudi: "Aanguke. Watoto watapenda." Kwa kitabu cha pili akawa ananiuliza kama huku Kisii mvua imeanza. Nikamjibu imeanza. Kwa cha tatu nikamwandikia kwamba baba yangu amefariki, naye akanijibu mistari minne kwenye nafasi isiyotosha miwili. Kingo hizo nilizikata kwa kisu changu cha lino na kuzihifadhi kwenye kopo la biskuti.

Mtu atauliza kwa nini sikwenda kumwona, maana Nyamira si mbali. Niliogopa kwamba ana kwa ana tungekosa la kusema, kama pale mlangoni kwenye chai.

Muswada wa nne ulikuwa tofauti. Punda anachukuliwa kupelekwa mbali, na konokono anabaki. Anangoja siku ya kwanza, anangoja ya pili, kisha anaanza kula majani yake peke yake. Hadithi iliishia ukurasa wa kumi na tano. Sasa, kijitabu hutengenezwa kwa karatasi zilizokunjwa katikati, na kila karatasi hutoa kurasa nne, kwa hiyo ukiwa na kumi na tano, wa kumi na sita upo, upende usipende. Mwalimu alikuwa ameandika: "Wa mwisho uachwe mtupu."

Mhariri, mzee mwangalifu aliyesoma kila kitu mara tatu, aliutazama akikuna kidevu.

"Karatasi tupu ni hasara," akasema. "Lakini sitakulazimisha. Wewe na Mwalimu mnaelewana. Amua."

Nikaamua. Nilichonga punda akirudi, amesimama kwenye ua, konokono ameinua macho. Ilikuwa bloku nzuri kuliko zote nilizowahi kuchonga. Prufu ya ukurasa huo sikumpelekea. Nilijiambia kwamba nafanya hivyo kwa ajili ya watoto.

Vitabu vilipofika shuleni kwake, bahasha moja tu ilirudi. Ndani mlikuwa na mstari mmoja: "Ndugu mchoraji, ukurasa ule haukuwa wako." Baada ya hapo gari likawa linarudi mikono mitupu. Nilimwandikia mara mbili, hakujibu. Mara ya tatu nikaomba ruhusa kwa Meneja, nikapanda gari mwenyewe.

Nilimkuta mlangoni mwa darasa, mwanamke mfupi, mtu mzima kuliko nilivyomdhania, amevaa sweta lenye vumbi la chaki. Alitazama wino kwenye kucha zangu.

"Ndiwe," akasema.

"Ndimi, Mwalimu. Nimekuja kuomba radhi, ingawa sijajua nimeharibu nini."

Alinipeleka pembeni. "Nilikuwa na mtoto hapa, Moraa. Surua ilimchukua. Wenzake wakawa wananiuliza kila asubuhi atarudi lini. Nikaandika kitabu cha kuwaambia harudi, na kwamba aliyebaki ataishi. Ule ukurasa mtupu ulikuwa wa sisi kukaa kimya pamoja. Wewe ukamrudisha punda." Akanionyesha msichana aliyekaa peke yake kando ya ua wa shule. "Yule ni Bosibori, rafiki yake. Tangu kitabu kije, kila mapumziko yuko pale. Anangoja."

Kengele ilipolia, Mwalimu akaniambia, "Ingia, uwaambie mwenyewe. Mimi wameacha kuniamini."

Nikasimama mbele ya watoto hao nikiwa nimeshika kofia. Nikasema kwamba mimi ndiye niliyechora kitabu, na kwamba picha ya mwisho si kweli. Punda hakurudi. Mwalimu alinitafsiria, maana miaka yote ile Kisii sikujifunza Kigusii cha kutosha kumwambia mtoto jambo kama hilo.

Bosibori akainua mkono, akasimama na kuuliza kitu.

"Anauliza, ulijua kwamba punda hakurudi?"

"Nilijua."

Akauliza tena.

"Anasema, basi kwa nini ulimchora?"

Ningeweza kusema habari za hasara ya karatasi. Nikasema, "Nakaa peke yangu. Nilitaka arudi."

Mwalimu alitafsiri polepole. Mtoto akasema maneno mawili, akakaa. Mwalimu aligeukia ubao, akafuta palipokwisha futwa.

"Amesema, hata yeye."

Alinisindikiza hadi langoni. Nikamwuliza kama atatuandikia tena.

"Nimekusamehe, ndugu yangu, na nisingependa uondoke na mzigo," akasema. "Lakini nikiandika tena nitakuwa nauchunga mkono wako usiongeze kitu, badala ya kufuata hadithi." Akanipa mkono, akauwekea na wa pili juu. Tangu hapo sikumwona tena.

Kitabu kilipochapwa upya niliiondoa bloku ile kwenye fremu ya kuchapia, ukurasa wa mwisho ukatoka mtupu, na Mhariri hakuuliza. Miaka ya sabini nilihamia ofisi ya elimu, nikawa mchoraji wa chati za ukutani. Nilichora meno, sehemu za mmea wa mahindi na mzunguko wa maji. Afisa wa Elimu alinisifu kwa kuwa sikuongeza chochote ambacho hakikuwa kwenye kitabu cha mwalimu. Nilistaafu kutoka ofisi hiyo nikarudi kwetu.

Wachoraji wa siku hizi hunijia na mashine zao zinazogeuza picha kulia na kushoto kwa kidole. Nawaambia wamwulize mwandishi kabla ya kumpa mtoto furaha ambayo hakuiandika. Wakiuliza kama kazi ile ilinipatia rafiki, nawajibu kwamba nilimpata mmoja. Tulionana asubuhi moja tu, na kosa lilikuwa langu.