Mchele wa Kuagana

Kwa saa ya ukutani, tulikaa kwenye sinia ile dakika arobaini. Shangazi yangu anaapa hadi leo kwamba tulikaa siku tatu.

Ilikuwa nyumbani kwake Migosi, mwishoni mwa miaka ya themanini, siku ambayo binti yake alikuwa anasafiri kwenda India kusomea ufamasia. Shangazi, dada ya baba yangu, alikuwa fundi wa cherehani na alimlea binti huyo peke yake. Treni ya Nairobi ilikuwa iondoke jioni. Mimi nilikuwa nimemaliza kidato cha sita, nangoja matokeo, na nilikuwa nimetumwa kusaidia kubeba sanduku.

Katika ukoo wetu, mtu akienda mbali hupikiwa mchele wa kuagana. Nyanya alikuja nao kutoka Ahero: mchele mpya, simsim, samli, na bonge la sukari nguru lililofungwa kwa jani la mgomba. Huchemshwa katika maziwa kwa moto mdogo wa makaa mpaka mwiko usimame wenyewe. Kisha hutiwa unga wa gome la mti fulani, ambao nyanya aliutia akiwa amenipa mgongo. Ukipoa hukatwa kwa uzi. Kisu hakiruhusiwi.

Kazi ya mchele huo ni kuwarefushia muda wanaoagana. Una masharti mawili. Saa isiwepo chumbani. Na neno lililosemwa kwenye sinia halirudiwi tena mahali popote, kwa kuwa limekwisha kupewa muda wake.

Binamu yangu hakujali sana utamu wala masharti. Alichotaka ni jina la baba yake. Tangu shule ya msingi, kila fomu iliyouliza jina hilo aliijaza jina la babu. Alikuwa amemuuliza mama yake mara nyingi, na wiki ile, baada ya kujaza fomu ya pasipoti, alimuuliza tena. Shangazi aliendelea kukanyaga cherehani, kisha akajibu, “Nitakwambia siku ya mchele.” Nilikuwepo. Nilimsikia.

“Nani ameacha huyu polisi ukutani?” nyanya aliuliza siku ile, akiitazama saa.

Niliitoa, nikaipeleka jikoni. Nilipokuwa nikinawa mikono niliitazama: saa nane na dakika kumi.

Tulikaa wanne kwenye mkeka. Nyanya alikata kipande cha kwanza, akampa shangazi.

“Nyanya, hiki ni chakula cha harusi au cha matanga?” binamu alitania.

“Ni cha msichana mwenye mdomo mrefu. Kula.”

“Na huyu je?” Alinionyesha mimi. “Naye anakwenda wapi?”

“Huyu haendi popote. Huyu ni wa kuchunguza watu tu, kama paka wa jirani.”

Tulicheka. Kisha tukala. Utamu ulikuja kwanza, halafu uchungu mwembamba nyuma ya ulimi, na baada ya hapo siwezi kupanga mambo kama ninavyopenda kuyapanga. Nakumbuka shangazi amemshika binti yake mkono. Nakumbuka mwanga mlangoni ukififia, ukirudi, ukififia tena. Nakumbuka nikiwaza kwamba nimechoka kukaa, kisha nikiwaza kwamba nimezoea. Niliposimama kupeleka sinia jikoni, saa ilisema saa tisa kasoro dakika kumi. Niliiweka sikioni. Ilikuwa inafanya kazi.

Kituoni shangazi hakulia. Uso wake ulikuwa mwepesi, kama wa mtu aliyetua mzigo. Binamu ndiye aliyelia, nami nikadhani ni safari.

Barua yake ya kwanza kutoka India aliniandikia mimi. Alisema mama yake alimshika mkono muda wote na hakusema kitu ila, “Ongeza kidogo, mwanangu.” Yeye binamu alisubiri mpaka sinia ikaisha. Aliniomba nimuulize.

Nilikwenda Migosi Jumamosi iliyofuata. Shangazi alikuwa akitia pindo kwenye sketi za shule.

“Nilimwambia,” alisema.

“Yeye anasema hukumwambia.”

“Nilimwambia siku ya pili, jioni, mvua ilipoanza. Jina, kwao, na sababu ya kuachana. Aliniuliza maswali mawili nikayajibu. Unataka niseme nini tena?”

“Liseme tu jina, shangazi. Nitamwandikia.”

Aliacha kushona. Hakukasirika, alinitazama kwa huruma, kama mtu anayeombwa kitu ambacho hana tena mkononi. “Unajua kwamba halirudiwi. Nikilirudia nitakuwa nimeufanya mchele wa mama yangu kuwa uji.”

Nilimwendea nyanya Ahero. Alisema yeye siku ile alikuwa na marehemu mumewe, wakipalilia, na hakusikia ya watu wengine. Nilimuuliza jirani wa shangazi, mama aliyefua nguo siku ile ya mchele na kuzianika uani tangu asubuhi. Alisema zilikauka vizuri. Halikudondoka hata tone.

Binamu alihitimu, akarudi, akafungua duka la dawa mjini. Humtembelea mama yake kila Jumapili, humpelekea samaki, hukaa naye mpaka jioni. Bado humuuliza, na mama humjibu kwa upole uleule kwamba alikwisha kumwambia. Fomu za watoto wake zina jina la baba yao. Zake bado zina jina la babu.

Kuna jambo moja sijamwambia. Mimi naikumbuka ile mvua. Ilianza upande wa jikoni, ikapiga mabati kwa nguvu mpaka shangazi akalazimika kuinamia sikio la binti yake. Midomo yake ilikuwa ikienda.